Sawae Aliyekaa Ndani ya Pweza

Siku tuliyomzika Sawae, mpwa wake alinimiminia chai kwa mikono miwili, akaniuliza kwa adabu, "Samahani mzee, wewe na marehemu mlifahamiana wapi?"

"Nilikuwa mpiga debe wake," nikamjibu.

Akatabasamu tu, akanisogezea sahani ya figili. Masikini, angejuaje? Kwao Sawae ni shangazi aliyetengeneza milango ya karatasi ya nusu ya mji, mwanamke wa maneno machache na mkono usiotetemeka. Mimi kwao ni mzee anayeuza viazi vya kuchoma mtaa wa pili. Hakuna hata mmoja pale aliyejua kwamba kwa miaka tisa shangazi yao alikuwa nusu mtu nusu pweza, na kwamba aliyemzaa pweza ni mimi, kwa mdomo wangu huu.

Mwenyewe alinikataza kusimulia. "Kaka Tatsuji, ukianza tu utapiga chuku," alisema. Kweli kabisa, ndiyo tabia yangu. Lakini sasa hayupo wa kunikanya, na habari hii haihitaji chuku. Nitajizuia. Mkiona naanza kupanda, nivuteni shati.

Banda letu la maonyesho lilikuwa la Bibi Ihara, mwanamke mnene mwenye sauti ndogo, ambaye kadiri alivyokasirika ndivyo alivyozidi kuwa mpole, na hapo ndipo ulipotakiwa kukimbia. Tuliandamana na sikukuu za mahekalu, kaskazini wakati wa joto, kusini wakati wa baridi. Leo tunasimamisha nguzo na turubai, keshokutwa tunazing'oa. Mbele ya banda ilining'inia picha kubwa ya mwanamke mrembo hadi kiunoni, na kuanzia hapo kushuka chini ni pweza mtupu, minyiri minane, ile mikono ya pweza, imekumbatia mashua. Mimi nilisimama chini ya picha hiyo, juu ya sanduku, na ngoma yangu.

Ndani, Sawae alikaa katika shimo la mbao lililofichwa chini ya jukwaa, mabega na nywele zake ndefu nje, miguu imekunjwa kwa chini. Minyiri tuliishona kwa kitambaa, tukaijaza pumba za mpunga, tukaivisha mpira wa tyubu za baiskeli uliopakwa rangi nyekundu. Kamba zake zilipita chini hadi kwenye vidole vya miguu yake. Akikunja kidole gumba cha mguu wa kulia, mnyiri wa mbele unainuka. Akikunja vitatu vya kushoto, wa nyuma unajiviringisha. Alikuwa fundi, haki ya nani. Nimeona wanaume waliorudi wazima kutoka vitani wakiruka nyuma hatua tatu kwa sababu mwanamke amekunja kidole cha mguu.

Sheria ya banda ilikuwa moja tu: pweza hasemi, wala pweza hasimami mbele za watu. Aliyeivunja alifukuzwa siku hiyohiyo, na habari zake zilifika kwenye mabanda yote nchini kabla yake, asipate pa kulala.

Na mimi kazi yangu ilikuwa hii:

"Njooni, njooni, njooni! Ya wazazi yamemrudia mtoto! Baba yake mvuvi wa pweza, mbali, kaskazini kwenye theluji! Siku hiyo kavuta chungu chake cha mtego, ndani mna pweza jike kaatamia mayai yake. Jike kainua mikono miwili, hivi, anaomba! Baba mtu akaona huruma? Hakuona! Usiku uleule mkewe kajifungua. Kajifungua nini? Mimi sisemi, mdomo wangu mdogo! Ingieni mkaone wenyewe!"

Wanasema njia ya mwongo ni fupi. Yangu ilikuwa na urefu wa nchi nzima, na niliitembea miaka kumi na minne. Akina mama walikuwa wakiwaziba watoto macho kwa viganja, kisha wao wenyewe wakinyoosha shingo. Kisebusebu na kiroho papo.

Lakini watu hawakuja kushangaa tu, walikuja na mambo yao. Mwenye chunjua kwenye kidole aliomba kugusa vile vikombe vya kunatia kwenye mnyiri, maana pweza huondoa chunjua, kila mtu anajua, na wengine walirudi mwaka uliofuata kushukuru. Ulikuwa mpira wa baiskeli, jamani, na wakapona! Bibi mmoja alimletea viazi vitamu kwa sababu pweza hutoka baharini kuchimba viazi mashambani. Mvuvi mmoja mzee aliinama kwenye ukingo wa jukwaa akamwuliza kwa kunong'ona kama anamfahamu yule mtawa mwenye kipara na kitambaa kichwani, ambaye siku za ukungu hugonga milango kuomba pombe, na asubuhi huacha nyayo nane. Sawae hakuruhusiwa kujibu. Aliinamisha kichwa tu, na yule mzee akaondoka na amani yake.

"Umeona, dada?" nilimtania siku hiyo tukila. "Wanatuamini kuliko makuhani."

"Hawatuamini sisi. Wanaamini la kwao, sisi tumelikuta."

"Lipi hilo?"

"Kwamba kila kitu kina mwenye kosa. Mtu akizaa mtoto mzima haulizi kwa nini. Akizaa asiyefanana na wengine, anataka jina. Atalitafuta hata kama jina ni lake mwenyewe."

"Haya, mama mwalimu, wali unapoa."

Ndivyo nilivyokuwa. Jambo likinigusa, nilikimbilia mzaha. Nilimpenda, siwafichi. Nilimwomba anioe, maana kwa alivyokuwa, ni yeye angenioa mimi. Mara ya kwanza alicheka. Mara ya pili aliniletea viatu vyangu nivae niende zangu.

Sasa Minashiro.

Minashiro ni mji wa pweza. Vyungu vya udongo vimepangwa gatini kimoja juu ya kingine, kila nyumba na alama yake. Vinashushwa baharini kwa kamba moja ndefu, pweza anaingia mwenyewe kwa sababu anapenda chumba kidogo chenye giza, na mvuvi anavivuta. Kila mwaka majira ya majani kukauka watu wa Minashiro hukusanyika hekaluni kuziombea roho za pweza waliowaua mwaka mzima. Wanachoma ubani, wanainamisha vichwa, kisha wanakunywa mpaka basi. Sisi tulifika kwa ajili ya sikukuu hiyo, tukasimamisha banda karibu na gati.

Bibi Ihara alikuwa na kanuni yake: mji wa pweza, onyesha mwanamke nyoka. Lakini mwanamke nyoka wetu alikuwa ameolewa na mwoka mikate mwezi mmoja kabla.

"Basi pweza," Bibi Ihara akasema. "Ila punguza makali, Tatsuji mwanangu. Baba yake awe wa mbali."

Nilimsikia, si kwamba sikumsikia. Lakini mpiga debe anayejiheshimu hutia chumvi ya mahali. Akifika kwa wafuma nguo, hutaja uzi. Akifika kwa wakata mbao, hutaja shoka. Hapo ndipo nilipojiona bingwa. Asubuhi nikapita gatini, nikaangalia wanavyofunga chungu kwa mafundo mawili, nikasikiliza wazee wakilalamika kwamba zamani jike mwenye mayai alikuwa anarudishwa majini, siku hizi mashua za mota hazina muda huo. Nikasema moyoni, riziki hiyo! Nikaazima chungu kimoja, nikapanda nacho kwenye sanduku.

"Si mbali!" nikapaza sauti. "Nani kasema mbali? Bandari kama hii! Chungu kama hiki! Mafundo mawili kama haya! Kavuta jike na mayai yake, na baharini hakumrudisha! Ya baba yamemrudia mtoto!"

Watu wakanyamaza kimya, gati zima. Mimi mjinga nikakichukua kimya kile kuwa sifa. Waliingia wengi, zaidi ya mia mbili siku hiyo, na walipotoka hakuna aliyecheka. Nikasema, loo, leo nimewapata.

Alasiri nilikuwa nyuma ya banda na Bibi Ihara, tunakunywa chai, mwanamke kijana akaja. Mgongoni alibeba mtoto wa kike wa miaka kama mitano, mkubwa wa kubebwa. Mikono ya nguo ya mtoto ilikuwa imeshonwa kwenye ncha, kama mifuko.

"Naitwa Mitsue," akasema. "Mume wangu ni Kansuke, mwenye mashua ya bluu. Huyu ni Fumi. Nafikiri ni wa kwenu."

"Wa kwetu kivipi, mwanangu?" Bibi Ihara akauliza.

Mitsue akakata uzi kwa meno, akautoa mkono mmoja wa mtoto. Vidole vilikuwa vimeshikana kwa ngozi, vyote vinne ukiacha gumba, hadi karibu na kucha. Mtoto alituangalia bila woga, kisha akaangalia chai yetu.

"Nimemsikia huyu kaka," Mitsue akasema, bila hata kunichukia. "Mwaka wa mimba yangu Kansuke alivuta majike mengi. Hakuyarudisha. Mama mkwe siku zote anasema kuna kitu, kuna kitu, na mimi namwambia aache. Leo amerudi kutoka hapa akaniambia, 'Umesikia? Si mimi niliyesema.' Na Kansuke yuko ufukweni anavunja vyungu."

"Vyungu vya nani?" nikauliza.

"Vyake. Kwa jiwe, kimoja kimoja. Nimemwacha avunje. Lakini kuanzia kesho watoto wa mji huu watamwitaje Fumi? Kwenu yupo mwenzake. Atapata dada, hatakuwa peke yake. Mchukueni."

Nikaweka kikombe chini. Bibi Ihara aliushika ule mkono, akaugeuza juu na chini, kama mtu anavyogeuza samaki sokoni.

"Mzuri," akasema kwa sauti yake ndogo. "Huyu hahitaji hata kamba. Mlete kesho baada ya onyesho, mama. Atakula vizuri, atavaa vizuri."

Nikasimama. "Mama Fumi, nisikilize. Ni uongo! Yule dada ndani ana miguu miwili kama wewe. Mimi ndiye niliyetunga, ni maneno ya biashara!"

Akaniangalia kwa huruma. Kwa huruma, mimi!

"Asante, kaka. Una moyo mwema. Lakini nimemwona kwa macho yangu."

"Nakuapia!"

"Kila mtu hapa ananiambia hivyohivyo. 'Si kitu, Mitsue, si kitu.' Kisha Fumi akipita wanawaita watoto wao ndani."

Akamfunga mtoto mgongoni, akainama, akaenda zake. Miaka kumi na minne nadanganya na watu wanameza. Siku moja nasema kweli, naambiwa nina moyo mwema. Ulimi hauna mfupa, lakini siku ile niliona unavyovunja mifupa.

Sawae alikuwa nyuma ya pazia, ananyoosha miguu. Alisikia yote. Jua lilikuwa halijazama tulipoketi kula, na yeye hakugusa chakula.

"Kesho utasemaje?" akaniuliza.

"Sisemi tena habari ya vyungu. Nitasema baba yako alikuwa mwizi wa matikiti."

"Hapana. Utasema vilevile. Chungu, mafundo mawili, jike na mayai. Usipunguze hata neno. Nataka wajae."

"Sawae. Unataka kufanya nini?"

"Nimekwambia, nataka wajae. Na mama mkwe wa Mitsue awe mbele."

Nikaelewa, na woga ukanishika, wa kwake na wa kwangu pia. "Bibi Ihara atakutupa nje. Hakuna banda litakalokupokea. Utakwenda wapi? Huna pa kurudi!"

"Najua sina pa kurudi, Tatsuji. Hilo huna haja ya kulipigia debe."

Kesho yake niliita watu. Sijawahi kuita vizuri vile, na kila neno lilikuwa linanichoma likitoka. Walijaa mpaka turubai likavimba, nami nikaingia kusimulia jukwaani kama kawaida. Mbele kabisa alikaa Bibi Toku, mama yake Kansuke, kikongwe kidogo kilichonyooka mgongo. Pembeni yake Kansuke mwenyewe, viganja vimechanwachanwa na vigae. Nyuma yao Mitsue, Fumi mgongoni, na mkononi kifurushi cha nguo za mtoto kilichofungwa vizuri. Nilipokiona kile kifurushi, nusura nishuke jukwaani nikimbie.

Nikaanza. Nikafika penye jike kuinua mikono. Minyiri miwili ikainuka, kama siku zote. Halafu ikaanguka pwaa.

"Inatosha, kaka Tatsuji," pweza akasema.

Mayowe! Mwanamke mmoja akakaa chini hapohapo. Sawae alikuwa ameinama anafungua kamba za vidole, kisha akashika ukingo wa shimo kwa mikono miwili, akapanda. Alikuwa amevaa suruali ya kazi iliyopauka, ina viraka vya magoti. Miguu yake ilikuwa imekufa ganzi kwa kukaa, akapiga hatua moja akaanguka kwa goti. Mtu akacheka. Nikakimbia kumshika.

"Niache nisimame," akasema.

"Sawae, mwanangu," Bibi Ihara akaita kutoka nyuma ya pazia, "rudi ndani." Sijapata kumsikia mpole namna ile.

Hakurudi. Alisimama, akajishika kwenye nguzo.

"Naitwa Sawae. Baba yangu alikuwa fundi wa milango, hakuwahi kuvua hata dagaa. Hii hapa ni pumba na tyubu za baiskeli, njooni mshike. Hakuna jike aliyeomba. Hakuna baba aliyeadhibiwa. Hadithi mliyoisikia aliitunga huyu hapa, siku moja tukila."

Wakanigeukia wote. Wengine walipiga kelele, wezi, rudisheni pesa! Mzee mmoja alicheka mpaka akafuta machozi, akisema amedanganywa na mguu. Lakini Bibi Toku hakucheka. Alipiga sakafu kwa kiganja, mara moja, na banda zima likanyamaza.

"Haya," akasema. "Wewe una miguu. Hongera. Na mjukuu wangu? Sababu yake ni nini?"

"Hakuna sababu, bibi."

"Lazima iwepo!"

"Na mimi niliambiwa lazima iwepo," Sawae akasema, na sauti yake ikashuka. "Wangu aliishi siku kumi na moja. Ule mwaka wa njaa, baada ya vita. Alikuwa na vidole vyote, nilivihesabu. Mama mkwe akasema kuna kitu nilifanya. Nikatafuta. Labda nililala vibaya. Labda nilimwonea mtu wivu. Labda nilikula kisicholiwa. Wakanitoa nyumbani. Nimekaa humu ndani miaka tisa, na huyu ananitangaza kila siku kwamba nimezaliwa na dhambi, nami nikaona nafuu, kwa sababu angalau dhambi hiyo ilikuwa ya mtu mwingine. Nilikuwa na muda, bibi. Miaka tisa nimekaa chini, sina kazi nyingine, naitafuta hiyo sababu. Haipo."

Mimi sikujua. Miaka tisa tunapakua chungu kimoja, namtania, namwita mama mwalimu, namwomba ndoa, na sikujua. Nililia mbele za watu, na sioni haya kusema.

Basi Fumi, huko mgongoni, akasema kwa sauti ya kudai: "Mama, nataka kushika mkono wa pweza."

Mitsue akamshusha. Akapiga magoti, akakata uzi kwa meno, mkono wa kulia, mkono wa kushoto. Mtoto akatembea mpaka jukwaani, mbele ya mji wote, akaukamata mnyiri kwa mikono yake miwili akauvuta kwa nguvu zake zote. Ukachanika. Pumba zikamwagika miguuni pake.

"Mbovu!" akasema Fumi.

Watu wakaangua kicheko, Kansuke naye akacheka, uso umelowa. Alimbeba mtoto mabegani akatoka naye. Mitsue alibaki kidogo, amesimama na kile kifurushi, kama haamini anaweza kurudi nacho nyumbani. Kisha akamwinamia Sawae mpaka paji la uso likagusa mkeka, akawafuata.

Bibi Ihara alitufukuza sisi wote wawili. "Muwe mmeondoka kabla ya chai, wanangu," akasema, na akafunga pazia.

Tukatoka, yeye na furushi lake, mimi na langu na ngoma yangu. Nilidhani yamekwisha. Tulipofika njia ya gatini Sawae akasimama.

"Bado wewe," akasema.

"Bado nini tena? Nimefukuzwa, nimelia, wamenitukana hadi bibi yangu!"

"Mle ndani walikuwa watu mia. Nje jana ulisikika mji mzima. Ulichokisema kwa ngoma hutakifuta kwa kunong'ona."

"Watanipiga."

"Labda."

Asubuhi yake, saa ya soko la samaki, nikapindua kreti, nikapanda. Nikapiga ngoma.

"Njooni, njooni! Nilidanganya! Mimi Tatsuji, mpiga debe, nilidanganya hapa hapa! Hakuna ya baba yaliyomrudia mtoto! Mtoto wa Kansuke hakuzaliwa kwa kosa la mtu yeyote!"

Uongo wangu ulikuwa umekusanya mia mbili. Ukweli ulikusanya paka. Watu walipita na vikapu vyao, wakanitupia jicho, wakaendelea na bei zao. Mmoja akanirushia kichwa cha samaki, na hakikunipata. Nikasema tena. Nikasema mara ya tatu. Nilitaka kushuka, lakini Sawae alikuwa nyuma yangu, na mtu aliyekaa shimoni miaka tisa huwezi kumwambia umechoka kusimama.

Ndipo Bibi Toku akaja. Peke yake, anatembea polepole kando ya vyungu. Akasimama mbele ya kreti, akainua uso.

"Sema tena," akasema.

Nikasema.

"Tena."

Nikasema, nikijua ananiadhibu, na nikaona ni haki yake. Lakini alikaribia zaidi, akashika ukingo wa kreti.

"Kabla Kansuke hajajua kushika kamba," akasema, polepole, wasisikie wengine, "mimi na marehemu mume wangu ndio tuliovuta. Nilikuwa na mimba yake Kansuke. Mimi ndiye niliyekuwa nayatoa majike. Yananishika mkono, nayabandua moja moja, navuta mayai, natupa. Miaka mitano namwambia yule binti kuna kitu, kuna kitu. Nikisema ni yeye, napata usingizi." Akatazama viganja vyake. "Si mimi?"

"Si wewe, bibi."

"Hiyo ni huruma. Sema unavyosemaga."

Nikapaza sauti, soko zima lisikie, kwamba si yeye. Akatafuta kikapu kitupu, akakipindua, akakaa, akakunja mikono yake mapajani.

"Tena," akasema.

Nikasema tena. Sauti yangu ilikuwa imekwisha, lakini yeye alikuwa amekaa karibu, akanisikia.